Kwa nini Afrika Mashariki inaunganisha malori lakini haiundi gari dogo

Kila bajeti inaposomwa mwezi Juni, simu yangu huanza kuita kwa swali moja: "Mhandisi, sisi gari letu tutaliunda lini?" Kazi yangu ni kukokotoa gharama za kuunganisha magari. Mteja akitaka kuleta modeli fulani Nairobi, Mombasa au Kibaha, mimi hukaa na orodha ya vipuri, bei za makontena, saa za mafundi na viwango vya ushuru, kisha namwambia gari litatoka getini kwa bei gani. Kwa hiyo jibu langu lina hesabu nyingi kuliko hamasa, na naliandika hapa ili siku nyingine nitume kiungo tu.

Afrika Kusini hutoa karibu magari 600,000 kwa mwaka, na zaidi ya nusu huuzwa nje. Morocco imevuka 500,000, baada ya Renault kufungua kiwanda Tangier mwaka 2012 na Peugeot kufuata Kenitra mwaka 2019. Kenya ndiyo kaka mkubwa wa kazi hii kwetu. Mwaka wake mnono ulikuwa 2015, yalipouzwa magari mapya yasiyofika 20,000, malori, mabasi na pikapu zote humo humo. Tangu hapo soko limekuwa likizunguka kati ya 10,000 na 15,000. Sehemu kubwa ya idadi hiyo hugawanywa kwa viwanda vikuu vitatu: Isuzu East Africa ya Nairobi (iliyokuwa General Motors hadi 2017), AVA ya Mombasa na KVM ya Thika. Vyote vitatu vina mizizi katika miaka ya 1970, serikali zilipokuwa zikilinda soko kwa nguvu. Milango ilipofunguliwa miaka ya 1990, mitumba ya Japani iliingia, na viwanda vikabaki na wanunuzi wa lazima: serikali, mashirika, mashamba makubwa na wasafirishaji.

Sasa tuingie kwenye hesabu yenyewe, kwa sababu hapa ndipo mijadala ya mitandaoni hupotea njia.

Bodi ya gari dogo huanza kama bati bapa. Bati huwekwa kwenye mashine kubwa ya kukandamiza, katikati ya kalibu mbili za chuma, likatoka likiwa mlango, boneti au paa. Kila umbo lina kalibu zake, na seti nzima ya gari moja hugharimu mamilioni mengi ya dola. Tuchukue mfano wa dola milioni 50, na tuseme modeli itadumu sokoni miaka mitano. Ukitoa magari 200,000 kwa mwaka, kila gari litabeba dola 50 za kalibu. Ukitoa 2,000 kwa mwaka, kila gari litabeba dola 5,000, na hapo hujagusa injini, giabox, majaribio ya ajali wala mshahara wa mtu yeyote. Uzalendo hauingii popote katika hesabu hiyo. Kwa modeli moja, hata hao 2,000 kwa mwaka ni wateja ambao watu wengi wa soko letu huwaota tu.

Ndiyo maana tunaunganisha badala ya kuunda. Kinachokuja bandarini huitwa CKD: gari lililofunguliwa vipande na kupangwa kwenye makontena. Kiwanda cha hapa huchomelea bodi, huipaka rangi, hufunga injini, nyaya, viti na vioo, hulipima, basi. Ushuru wa pamoja wa Jumuiya ya Afrika Mashariki kwa gari zima ulizoeleka kuwa asilimia 25 (Kenya iliupandisha hadi 35 mwaka 2023), lakini CKD huingia kwa sifuri. Pengo hilo ndilo linaloweka taa za viwanda vyetu zikiwaka. Liondoe leo, na vingi vitageuka maghala kabla mwaka haujaisha.

Msomaji mwerevu atauliza: kama ni hivyo, si tuongeze vipuri vya hapa polepole hadi gari liwe letu? Nami niliwahi kuuza wazo hilo kwa wateja kwa moyo mkunjufu. Tatizo lipo kwenye mkataba wa CKD, mahali ambapo mwanasiasa hafiki. Ukimwambia mtengenezaji wa Japani au India, "Nitolee betri kwenye kontena, nitanunua ya Nairobi," hakupunguzii bei ya betri nzima. Anakupunguzia kile kidogo anachosema yeye imemgharimu, akinunua mamilioni kwa mwaka. Wewe unanunua elfu chache, kwa bei ya elfu chache. Kipuri cha hapa huweza kuwa bora na bado kikaongeza bei ya gari. Hata hivyo baadhi vimefaulu: betri, springi za malori, viti, rangi. Ni vile vizito kusafirisha au vyenye wateja wengine nje ya kiwanda. Betri inauzika hata kwa mwenye sola.

Matairi yalipaswa kuwa kwenye orodha hiyo, na inauma. Arusha tulikuwa na General Tyre, kiwanda kilichokuwa fahari ya nchi, kikasimama zaidi ya muongo mmoja uliopita na hakijarudi. Nairobi, Sameer Africa iliyotengeneza matairi ya Yana ilizima mitambo mwaka 2016, kwa sababu tairi lililoagizwa kutoka nje lilikuwa rahisi kuliko lililotoka mtaa wa pili.

Mitumba nayo ndiyo soko halisi. Gari jipya kwetu ni la wachache. Mjapani hulipia ukaguzi wa lazima uitwao shaken miaka mitatu baada ya kununua gari, kisha kila miaka miwili, na gharama humfanya auze gari likiwa bado zima. Linaingia mnadani, linanunuliwa na msafirishaji, linapanda meli. Thamani kubwa imeshapotelea mikononi mwa mmiliki wa kwanza. Hakuna kiwanda cha Afrika Mashariki kinachoweza kushindana na bei ambayo mtu wa Osaka ameshakulipia nusu yake.

Serikali zinajaribu kulizuia wimbi hili kila moja kwa njia yake, na tofauti hizo zinaumiza kuliko wimbi lenyewe. Kenya hairuhusu gari lenye zaidi ya miaka 8. Uganda ilipitisha kikomo cha miaka 15 mwaka 2018. Tanzania haifungi mlango, inakutoza: ukiagiza gari la abiria lenye zaidi ya miaka 10 unalipa ule tunaouita ushuru wa uchakavu, asilimia 30, juu ya mengine. Chukua Toyota IST ya cc 1,300, ambayo toleo lake la kwanza lilikoma kutengenezwa 2007. Tuseme thamani yake ikifika Dar, pamoja na bima na meli, ni shilingi milioni 10. Ushuru wa forodha asilimia 25 ni milioni 2.5. Ushuru wa bidhaa asilimia 5, unaokokotolewa juu ya milioni 12.5, ni 625,000. Uchakavu ni milioni 3.75. VAT ya asilimia 18 juu ya vyote ni milioni 3 na ushee. Jumla karibu milioni 10 za kodi, bila tozo ndogondogo na usajili. Gari limejizaa mara mbili likiwa bandarini, na bado watu wananunua, kwa sababu kila fundi wa Ilala anaijua IST akiwa amefumba macho, na spea zake zimejaa maduka ya mtaa wa Gerezani, Dar. Gari hilo hilo, kimsingi, haliingii tena Mombasa hata bure. IST ya mwisho kabisa ilitoka kiwandani 2016, imeshapita miaka 8 ya Kenya.

Halafu kuna usukani. Kenya, Uganda na Tanzania tunaendesha kushoto mwa barabara. Rwanda, Burundi na Congo wanaendesha kulia. Kwa mwenye kiwanda, "soko la Jumuiya" ni masoko mawili yenye dashibodi tofauti, nyaya tofauti na taa tofauti. Volkswagen walipofungua Kigali mwaka 2018 walijua hili. Walijua pia kwamba wanunuzi wa magari mapya mjini ni wachache, wakaanzisha huduma yao ya usafiri kwa programu ya simu ili magari yao wenyewe yapate kazi. Mbinu nzuri. Nawasifu kwa kutojidanganya.

Kuna wanaosema pandisheni ushuru wa mitumba hadi watu wakose njia. Nigeria ilijaribu: kuanzia 2014 gari linaloagizwa zima lilifikishiwa mzigo wa hadi asilimia 70. Magari yakashushwa Cotonou, Benin, yakavuka mpaka usiku. Sisi nasi tuna mipaka mirefu, na tuna magari ya IT (yanayopita tu nchini kwenda nchi jirani) yanayoendeshwa kutoka Dar hadi Tunduma kila siku. Rasimu ya sera ya Kenya iliwahi kupendekeza umri ushuke kutoka miaka 8 hadi 5, kisha 3. Waagizaji wakapiga kelele, na 8 ipo palepale.

Ndoto ya gari dogo la taifa tumeshaiota zaidi ya mara moja. Mwaka 1986 Rais Moi alikiomba Chuo Kikuu cha Nairobi kiunde gari. Wahandisi wakatoa magari matano ya majaribio, Nyayo Pioneer, yakazinduliwa 1990, yakaishia hapo kwa kukosa fedha. Mimi sicheki kazi ile. Kuunda magari matano yanayotembea kunawezekana kwa werevu na mashine nzuri. Kuunda gari la elfu tano kunahitaji kalibu nilizozitaja juu, na hizo werevu peke yake hauzinunui. Mobius ya Kenya ilijaribu upande mwingine, gari gumu la barabara mbovu lisilo na madoido, na Agosti 2024 ikatangaza kufunga kwa mzigo wa madeni kabla ya kupata mnunuzi. Waganda wa Kiira walianza Makerere mwaka 2011 na gari la umeme la watu wawili, wakaja na gari la saluni mwaka 2014, na kufikia 2016 walikuwa wanaonyesha basi. Kwangu mimi, kugeukia basi ndio uamuzi wa busara kuliko yote waliyofanya.

Kwa nini basi? Kwa sababu basi na lori havihitaji kalibu za mamilioni. Lori huja likiwa chasisi, kabini na injini. Kilicho nyuma ya kabini hujengwa kwa mirija ya chuma, mabati, mashine ya kukunjia na fundi mwenye jicho. Umbo likibadilika, unabadilisha mchoro. Hakuna kalibu ya kutupa. Kuunda mia moja kwa mwaka kunalipa. Nenda Industrial Area ya Nairobi uone chasisi za Isuzu NQR zikiingia zikiwa mifupa na kutoka zikiwa matatu za abiria 33, zikiwa na muziki na michoro yake. Hiyo ni viwanda hasa, ingawa hotuba za mawaziri huiruka. Kenya hata ina kiwango chake cha bodi za mabasi, KS 372, kinachosema fremu iwe na nguvu kiasi gani na viti vifungwe vipi, na karakana zilizokikidhi zimepanda daraja kweli.

Upande wetu wa Tanzania nguvu ipo kwenye trela. Shaba ya Congo na Zambia hupita Dar, na kila lori linavuta kitu: trela bapa, tangi la mafuta, tipa. Vitu hivyo tunavijenga hapa, tunavikarabati hapa, na vinavuka mipaka bila mtu kuuliza vina asili gani. Kibaha kuna GFA inayounganisha malori ya FAW, na jirani hapo hapo Kibaha kuna Nyumbu, shirika la jeshi lililounda lori lake miaka ya 1980. Laiti pesa za hotuba za gari la taifa zingeenda kwenye mashine ya kukunja bati ya kila karakana ya trela. Lakini hili ni la siku nyingine.

Umeme umebadilisha mahesabu kidogo, na kwa namna ambayo sera haijaishika bado. Kigali, Ampersand hubadilishia bodaboda betri tangu 2019. Nairobi, BasiGo walianza 2022 na mabasi ya umeme: mwenye matatu hununua basi, betri anailipia kwa kila kilomita anayotembea. Sasa mabasi hayo huunganishwa Thika. Chasisi na bodi ni kazi tunayoijua, na injini yenye vipuri mamia imepotea kwenye orodha. Ila betri, ambayo yote hutoka Uchina, inaweza kula theluthi ya thamani ya basi. Kanuni zetu za asili ya bidhaa, zinazoamua kama kitu ni cha Jumuiya na kivuke mpaka bila ushuru, hupima kazi ya hapa kwa asilimia ya thamani. Basi la dizeli lililojengwa bodi Nairobi linaweza kuvuka kizingiti hicho, na basi la umeme lenye bodi ile ile, mafundi wale wale, likashindwa, kwa sababu betri imenenepesha upande wa nje wa mizani.

Magari ya Kenya yameshagombaniwa mpakani kwa sababu ndogo kuliko hiyo: ni ya Afrika Mashariki au ya Japani? Kwa hiyo ninapofungua kanuni mpya siku hizi, naruka utangulizi na kutafuta mstari mmoja tu: betri inahesabiwa kama sehemu ya gari, au inawekwa pembeni kama mafuta. Ikiwekwa pembeni, nina jedwali la basi la kuwapelekea wateja watatu kesho yake.