Jamaa wamekwisha kupatana, tribinali inangoja nini?

Mimi ni avoka (wakili) hapa Lubumbashi, Kongo, na dosie (faili za kesi) nyingi ninazobeba ni za urithi. Jamaa wanaogombana wanajua wameanza safari ndefu. Wanaoniumiza moyo ni wale waliokwisha kupatana mbele ya baba mdogo, shangazi na wazee, wakatia sahihi PV (maandishi ya mapatano) ya baraza la jamaa, kisha wakaenda tribinali ya amani, mahakama ya ngazi ya chini, kuomba ithibitishwe. Hapo wanasota sawasawa na wagomvi.

Shida ni kwamba waliopatana hawana mlango wao. Dosie inaingia daftari lile lile, gharama zinalipwa zile zile, na wito unapelekwa kwa kila mrithi, hata aliyekuwa ameketi kwenye baraza.

Sisemi hakimu apige mhuri na kufunga macho. Sheria ya jamaa ya 1987, iliyorekebishwa 2016, inawapa watoto robo tatu ya urithi, wakiwemo waliozaliwa nje ya ndoa ikiwa baba aliwatambua angali hai. Robo inayobaki ni ya mjane, wazazi na ndugu za marehemu. Tena mjane ana haki ya kuendelea kukaa katika nyumba aliyoishi na mumewe na kutumia vyombo vyake. Mara nyingi baraza linaloongozwa na ndugu za marehemu "linasahau" jambo hilo, na mtoto mdogo hana wa kumsemea. Lazima hakimu asome. Lakini kusoma kurasa tatu na kuwauliza waliosaini kama walikubali kwa hiari ni kazi ya kikao kimoja.

Niliwahi kubeba dosie ya lupango (kiwanja chenye nyumba) moja huko Katuba, mtaa wa hapa mjini: nyumba ya mjane mbele, vyumba vya kupangisha nyuma, watoto wa mama wawili. Walikubaliana mjane abaki kwake, dada mkubwa akusanye kodi na kuigawa kila mwisho wa mwezi. Kesi ikaahirishwa kwa sababu uthibitisho wa wito wa mrithi mmoja aliye Kolwezi haukuwa kwenye dosie. Ikaahirishwa tena. Halafu hakimu akahamishwa mji mwingine, na kwa kuwa anayehukumu lazima awe yule aliyesikiliza, mjadala ukafunguliwa upya. Wakati wote huo dada hakuwa na karatasi ya kuwaonyesha wapangaji; wakawa wanamlipa yeyote aliyewahi kubisha hodi. Kaka mmoja akauza chumba kwa mtu wa nje. Tuliporudi kwa hakimu, hapakuwa tena na mapatano ya kuthibitisha. Palikuwa na kesi, na mnunuzi ndani yake.

Katiba ya 2006, kifungu cha 19, inampa kila mtu haki ya kusikilizwa katika muda unaofaa. Kwa waliopatana, muda huo hauwezi kuwa sawa na wa wanaobishana, maana mapatano yanasimama juu ya hali ya siku yalipofanywa: kodi ya mwezi ule, afya ya mama, subira ya vijana. Ningetaka kila tribinali itenge siku moja ya wiki kwa ajili yao, wasikilizwe chumbani kwa hakimu.

Kwa sasa, jamaa wanaweza kujipunguzia safari. Fikeni wote kwa hiari siku moja, ili kusiwe na wito wa kungojewa. Aliye mbali atume avoka mwenye barua ya uwakilishi. Katika PV andikeni mali moja moja, namba ya hati ya lupango, fungu la kila mmoja, na nani mmemchagua kusimamia urithi, kwa kuwa tribinali ndiyo itakayomthibitisha huyo pia. Hukumu ikitoka, muda wa rufaa ni siku 30, nao hauanzi kuhesabiwa mpaka hukumu ifikishwe kwa kila upande. Kwa hiyo sainini mara moja hati ya kuikubali hukumu, kisha mwombeni karani cheti cha kutokata rufaa. Hicho ndicho mtakachoulizwa kwenye ofisi ya hati za ardhi mkienda kubadilisha jina.