Maana ya faili la DLL, na la kufanya likikosekana

Umebofya programu mara mbili. Badala ya kufunguka, kimejitokeza kisanduku kidogo kinachosema kazi haiwezi kuendelea kwa sababu VCRUNTIME140.dll haikupatikana. Programu yenyewe umeisakinisha dakika tano zilizopita, na kompyuta haina tatizo jingine lolote. Hiyo DLL ni kitu gani, na nani kaiondoa?

Mara nyingi hakuna aliyeiondoa. Haikuwahi kuwamo.

DLL ni maktaba ya msimbo inayotumiwa na programu nyingi kwa pamoja. Zipo kazi ambazo karibu kila programu huzihitaji: kuchora dirisha, kusoma faili, kutoa sauti, kupiga hesabu. Kila mtengenezaji angeufungia msimbo wa kazi hizo ndani ya programu yake, diski ingejaa nakala za kitu kilekile. Ndiyo maana msimbo huo huwekwa kando kwenye faili lake, na programu huliita inapolihitaji. Programu kadhaa zikiita DLL moja, Windows huweza kuweka nakala moja tu ya msimbo huo kwenye RAM na zote zikaitumia. Likigundulika tundu la usalama, linazibwa mahali pamoja. Kwenye Linux mafaili ya aina hii huishia na .so, kwenye macOS .dylib.

Ubaya wake ni kwamba programu haijitoshelezi. Ndani yake yameandikwa majina ya maktaba inazozitegemea, na kila inapoanza, Windows huyatafuta: kwa kawaida kwenye folda ya programu yenyewe kwanza, halafu folda za mfumo, halafu folda zilizotajwa kwenye PATH, yaani orodha ya folda za kutafutia programu na mafaili yake. Likikosekana jina moja tu la lazima, programu haiwaki.

Hapo ndipo wengi hukosea, nami naomba unisikilize vizuri. Wanaandika jina la faili kwenye mtandao, wanaangukia tovuti inayogawa DLL mojamoja, wanapakua na kulitupia ndani ya System32, folda ya mfumo wa Windows. Usifanye hivyo. DLL ni msimbo unaotekelezwa. Ukiliweka hapo, litafanya kazi kwa ruhusa zilezile za programu iliyoliita, na hujui nani amelichezea. Hata likiwa safi, huenda ni toleo lisilofaa, au lina wenzake wanaotakiwa kuja nalo.

Kuna na mtego wa biti: programu na DLL hutengenezwa kwa biti 32 au 64, na lazima zilingane. Kwenye Windows ya biti 64, folda ya System32 ndiyo yenye mafaili ya biti 64, na yale ya biti 32 hukaa SysWOW64. Majina yako kinyume na mtu anavyotarajia! Ukichanganya, kosa la faili kukosekana hugeuka kuwa kosa lenye namba 0xc000007b, na sasa una matatizo mawili.

Swali la kujiuliza ni hili: faili hili ni la kifurushi gani? VCRUNTIME140.dll na MSVCP140.dll huja na Visual C++ Redistributable, inayotolewa bure na Microsoft. Kwenye kompyuta ya biti 64 sakinisha zote mbili, x86 (ya biti 32) na x64 (ya biti 64), kwani programu za biti 32 bado zipo. Gemu ya zamani ikidai d3dx9_43.dll, inataka kifurushi cha Juni 2010 cha DirectX, yaani maktaba za Microsoft za michoro na sauti za gemu. Kuwa na DirectX mpya hakutoshi, maana faili hilo halimo.

Jina likiwa geni kabisa, huenda ni la programu yenyewe. Angalia kwanza karantini ya antivairasi, mahali inapofungia mafaili inayoyashuku, kisha isakinishe programu upya. Yakilalamikiwa mafaili ya Windows yenyewe, fungua Command Prompt kama msimamizi, uandike:

DISM /Online /Cleanup-Image /RestoreHealth

Ikimaliza, andika:

sfc /scannow

Fuata mpangilio huo, kwa sababu sfc, inayokagua na kurekebisha mafaili ya Windows, huchukua mafaili mazima kutoka kwenye hifadhi ambayo DISM imeikarabati. Amri ya regsvr32, inayopendekezwa kila mahali, haileti faili lililokosekana. Husajili tu zile DLL zilizotengenezwa zisajiliwe, na nyingi si za aina hiyo.

Kwenye Linux kazi ni nyepesi zaidi. Andika ldd ikifuatiwa na njia ya programu, uone maktaba ipi imeandikiwa "not found", kisha mwachie msimamizi wa vifurushi (programu ya Linux inayosakinisha programu na maktaba) ailete. Usidanganye mfumo kwa kuunda kiungo (jina la pili la faili) kinachoita libssl.so.3, maktaba ya usimbaji fiche, kwa jina la toleo la zamani, libssl.so.1.1. Namba ile imebadilishwa kwa makusudi: inasema wazi kwamba programu iliyojengwa kwa toleo la zamani haitaelewana na hili jipya.