Lugha tano za Sérgio Vieira de Mello, na mawakala wanaouza ajira za Umoja wa Mataifa

Tunapoelekea 19 Agosti, Siku ya Usaidizi wa Kibinadamu Duniani, dawati letu la mafunzo ya lugha na itifaki limeona vyema kutoa ufafanuzi. Malalamiko yameongezeka ya vijana wanaotozwa fedha na watu wanaojiita mawakala wa Umoja wa Mataifa, wakiahidiwa kwamba cheti cha lugha tatu au nne kinatosha kuwapa kazi ya kidiplomasia. Tangazo moja tuliloletewa lilikuwa na picha ya Sérgio Vieira de Mello, Mbrazili aliyekuwa kiongozi wa ngazi za juu wa Umoja wa Mataifa, na chini yake maneno kwamba alijua lugha tano ndiyo maana akawa bosi.

Lugha tano alizijua kweli: Kireno cha nyumbani kwao Brazil, Kifaransa, Kiingereza, Kihispania na Kitaliano. Hiyo “ndiyo maana” ndiyo yenye walakini.

Alizaliwa Rio de Janeiro mwaka 1948, baba yake akiwa ofisa wa mambo ya nje, kwa hiyo kuhamahama na kubadili lugha hakukuwa jambo geni kwake. Mwaka 1969 serikali ya kijeshi ilimstaafisha baba huyo kwa lazima. Mwaka huohuo kijana, aliyekuwa amesoma falsafa Chuo Kikuu cha Sorbonne, Paris, akaajiriwa na shirika la wakimbizi, UNHCR, mjini Geneva. Aliajiriwa kuwa mhariri wa Kifaransa, kazi ya kunyoosha rasimu za wenzake. Wanaotuuliza kama wanaweza “kuanzia ngazi ya balozi mdogo” waisome sentensi hiyo mara mbili. Baada ya hapo alipangiwa Bangladesh, Sudan, Cyprus, Msumbiji, Peru na Lebanon, miaka ishirini na kitu ya vituo ambavyo wengi hawaviombi.

Kambodia ndiko thamani ya lugha zake ilikoonekana wazi. Alikabidhiwa kuwarudisha nyumbani wakimbizi zaidi ya 360,000 waliokuwa kambini Thailand, mpakani. Mpango wa awali ulikuwa kuwapa ardhi. Ardhi salama haikutosha, nyingine ilikuwa na mabomu ya kutegwa, na mwishowe familia nyingi zikachagua fedha taslimu: dola 50 kwa mtu mzima na dola 25 kwa mtoto. Ilibidi pia kuzungumza na Khmer Rouge, kundi la kikomunisti lililowahi kuitawala Kambodia na kuua watu wengi, ambao baadhi ya viongozi wao, Khieu Samphan na Ieng Sary miongoni mwao, walisoma Paris. Kwa watu hao Kifaransa kilifungua mlango ambao barua rasmi za Kiingereza zisingeufungua. Kilikuwa na gharama yake pia, kwa sababu wapo waliomlaumu kwamba aliwachangamkia mno watu wenye damu mikononi. Lawama kama hiyo ilimfuata hadi Bosnia, ambako wakosoaji walimbandika jina la “Serbio” wakidai yuko karibu mno na Waserbia. Mwanadiplomasia anayeongea vizuri na kila upande hushukiwa na kila upande, na hakuna kozi ya lugha inayomkinga na hilo.

Mwishoni mwa 1996 alikuwa mratibu wa misaada ya kibinadamu katika Maziwa Makuu. Wasomaji wa Ngara na Karagwe wanaukumbuka Desemba ule: tamko la pamoja la Serikali ya Tanzania na UNHCR kwamba wakimbizi wa Rwanda wawe wamerejea kwao ifikapo tarehe 31, kisha misafara mirefu ya watu, kuelekea daraja la Rusumo. UNHCR ilikosolewa sana na watetezi wa haki za wakimbizi. Si nafasi ya dawati hili kuamua nani alikuwa sahihi. Itoshe kusema kwamba tamko linaweza kueleweka neno kwa neno na bado lisikubalike kwa anayelisikia.

Timor Mashariki, koloni la zamani la Ureno lililokuja kutawaliwa na Indonesia, aliiongoza kuanzia mwishoni mwa 1999 hadi uhuru wake, 20 Mei 2002. Umoja wa Mataifa ulikuwa umemkabidhi mamlaka yote ya kutunga sheria na kuendesha serikali. Kireno chake kilimsaidia mno kwa Xanana Gusmão, kiongozi wa mapambano ya uhuru, na wazee waliosoma enzi za Mreno, lakini vijana walikuwa wamesomeshwa kwa Kiindonesia kwa miaka 24, na sokoni watu wengi walizungumza Kitetum. Kanuni ya kwanza ya utawala huo ilielekeza kwamba sheria zitolewe kwa Kiingereza, Kireno na Kiindonesia, tafsiri za Kitetum zipatikane pale zitakapohitajika, na matini zikitofautiana, Kiingereza ndicho kifuatwe. Lugha ya wenye nchi ikawa ya pale itakapohitajika! Yeye binafsi alijitahidi kujifunza Kitetum, na kwa maoni yangu hilo linamheshimisha kuliko Kitaliano chake.

Mwaka 2002 aliteuliwa Kamishna Mkuu wa Haki za Binadamu. Mwaka uliofuata aliombwa kwenda Iraq kwa miezi minne. Tarehe 19 Agosti 2003 lori lenye mabomu lililipuka kwenye Hoteli ya Canal, Baghdad, iliyokuwa makao ya Umoja wa Mataifa, likaua watu 22, naye akiwemo. Siku tunayoiadhimisha imetokana na tukio hilo.

Sasa utaratibu. Lugha rasmi za Umoja wa Mataifa ni sita: Kiarabu, Kichina, Kiingereza, Kifaransa, Kirusi na Kihispania. Lugha za kazi za Sekretarieti ni Kiingereza na Kifaransa. Kiswahili hakimo. Unesco kuitangaza 7 Julai kuwa Siku ya Kiswahili Duniani hakukukiweka katika orodha hiyo, na tunaomba kwa mara nyingine tusiulizwe. Hata hivyo zipo nafasi zinazokihitaji Kiswahili, hasa mashariki mwa Kongo na kwenye shughuli za wakimbizi.

Nafasi za Sekretarieti hutangazwa kwenye tovuti ya careers.un.org, na mashirika kama UNHCR yana kurasa zao za ajira. Kwa vijana wenye umri usiozidi miaka 32 na angalau shahada ya kwanza, upo mpango wa wataalamu vijana wenye mitihani ya kuandika na mahojiano. Nchi zinazoshiriki hubadilika kila mwaka, kwa hiyo hakikisha kwanza kama yako imo. Mwombaji hatozwi ada katika hatua yoyote: si ya fomu, si ya usaili, si ya “kuthibitisha cheti”, si ya mafunzo. Huduma ya wakimbizi kuhamishiwa nchi ya tatu nayo haiuzwi. Ukitajiwa namba ya simu ya kutuma fedha, umeshatapeliwa, hata kama barua ina nembo ya buluu na mhuri.

Anayejaza kiwango cha lugha asichokuwa nacho ajue kwamba maelezo ya uongo kwenye fomu yanatosha kufutiwa maombi, na yakigundulika baada ya kuajiriwa, hata miaka mingi baadaye, yanatosha kufukuzwa kazi. Kughushi cheti ni jinai, na wakala aliyekutengenezea hatakuwa nawe kizimbani. Aliyekwisha kulipa atunze ujumbe wote na risiti za miamala, asiendelee kujibizana na tapeli akitumaini kurudishiwa, na aripoti kituo cha polisi kilicho karibu naye.