Majani yaliyokatwa hayasubiri kikao

Jani la mkonge likishakatwa lina siku moja, mbili likibahatika, kabla ya kufika korona, mtambo wa kutoa singa, yaani nyuzi zake. Likicheleweshwa linanyauka, na singa zake zinatoka chafu, hazina bei. Ndiyo maana nikiitwa kusuluhisha mgogoro wa mishahara kwenye mashamba ya huku Tanga, sianzi kwa kuuliza nani ana haki. Nauliza kwanza: yaliyokatwa yako wapi?

Kuna shamba moja upande wa Korogwe nilifika saa nne asubuhi nikakuta korona kimya. Matela yamejaa matita, wafanyakazi wamekaa chini ya mwembe, na vijana wameziba lango kwa magogo. Meneja alikuwa ofisini akipiga simu kutafuta vibarua kijiji cha jirani. Mwenyekiti wa tawi la chama cha wafanyakazi akanipokea: "Shikamoo mzee. Tumechoka kuahidiwa."

Walikuwa na kila sababu ya kuchoka. Ila kisheria walikuwa wamejivua nguo wenyewe. Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya 2004 inamkataza mwajiri kuleta watu wa kuziba nafasi za waliogoma, lakini mgomo wenyewe uwe halali. Wa kwao haukuwa halali, kwa hiyo zile simu za meneja hazikuwa kosa. Kosa lilikuwa lile lango.

Halafu walikuwa wamechanganya madai mawili, mishahara ya nyuma na nyongeza ya mshahara. Mishahara ya miezi miwili ambayo haijalipwa ni malalamiko. Hayo yanapelekwa Tume ya Usuluhishi na Uamuzi, ile tunayoiita CMA, na hayagomewi. Nyongeza ndiyo mgogoro wa maslahi, yaani kudai kitu ambacho bado hamjakubaliana, na hiyo inagomewa: mnajaza fomu namba moja ya CMA, usuluhishi unapewa siku 30, ukishindikana chama kinapigisha kura, waliopiga wengi wakikubali mnampa mwajiri notisi ya saa 48. Hapo hafukuzwi mtu kwa kugoma, ingawa kwa siku za mgomo mwajiri halazimiki kulipa mshahara. (Watu wa maji, umeme, hospitali na zimamoto wana masharti yao mengine.)

Wengi huona saa 48 ni mtego wa tajiri. Mimi kwa mkonge naziona zimekaa sawa kabisa: leo mnaacha kukata, kesho mnachakata yaliyoko kwenye matela, keshokutwa korona inazimwa na hakuna kilichooza. Mwajiri anaumia kwa kukosa kazi yenu, haumii kwa kuharibiwa mali. Na shamba mtakalorudi kudai nyongeza linakuwa bado lina hela. Kugoma huku si jambo geni. Makuli wa bandari ya Tanga waligoma mwaka 1939, muda mfupi baada ya wenzao wa Mombasa.

Siku ile niliomba matela yapite korona kabla ya kikao. Mama mmoja wa kuanika singa akasimama. "Baba, yakishapita hayo, nani atatusikiliza tena?"

Sikuwa na jibu la haraka. Yale majani ndiyo yalikuwa sauti yao pekee, na mimi nilikuwa nawaomba waiachie bure. Nikaingia ofisini kumwambia meneja kwamba lango halifunguki kwa maneno yangu. Aandike barua ya tarehe ya kulipa malimbikizo, na hoja ya nyongeza tuipeleke CMA. Akaguna, akaangalia matela dirishani, akaandika.

Barua ilisomwa kwa sauti chini ya mwembe. Yule mama akaomba irudiwe, akahesabu kwa vidole, kisha akasema tarehe hiyo ni Jumapili, benki imefungwa. Meneja akaikata kwa kalamu, akaandika Ijumaa, akaweka sahihi pembeni. Magogo yakaanza kuondolewa.