Kushirikishana faili si kuuza nakala

Hapa Bukavu, kila mazungumzo yakigeukia wanamuziki wasiopata kitu, kuna atakayesema kushirikishana faili ndiko kumewaua. Kisha atamtaja kijana wa Kadutu mwenye kompyuta na spika, anayejaza nyimbo kwenye kadi memori za wateja. Kijana huyo anauza nakala, kama waliomtangulia walivyouza kaseti za kurudufu.

Kushirikishana faili ni watu kuchukuliana faili kwa intaneti, kompyuta kwa kompyuta, na kila anayepokea wimbo anaweza papo hapo kuwa mgawaji wake. Muuzaji akifunga meza jioni, nakala zimesimama. Kule kwenye intaneti, kadiri wanaotaka wimbo wanavyozidi, ndivyo wanaoutoa wanavyozidi. (Rafiki akikurushia wimbo kwa Bluetooth, hapo mmekaribia kushirikishana faili.)

Wengi hudhani Napster, huduma ya kushirikishana nyimbo aliyoianzisha Shawn Fanning huko Marekani mwaka 1999, ilikuwa ghala la nyimbo. Nyimbo zilikaa kwenye kompyuta za watu. Seva za Napster zilikuwa na orodha ya nani ana nini. Orodha hiyo ndiyo iliyoiponza. Kampuni za rekodi zilishtaki Desemba 1999, na Julai 2001 huduma ikazimwa. Gnutella, mtandao wa kushirikishana faili wa mwaka 2000, haikuhitaji orodha ya kati: kompyuta ziliulizana zenyewe, hivyo hapakuwa na mlango mmoja wa kufungwa. Kampuni zikapoteza mamlaka juu ya nakala, na pia juu ya albamu, maana aliyetaka wimbo mmoja hakulazimika tena kununua CD nzima. Mwaka 2003 Apple ilianza kuuza wimbo mmojammoja kwa senti 99 za dola.

Mtunzi huumia kote kuwili, na sheria ya Kongo ya tarehe 5 Aprili 1986 inalinda haki zake. Ila muuzaji ana meza, bei na wateja wanaojulikana. Anaweza kupewa kibali na kutozwa, fedha zikamfikia mtunzi. Wanaochukuliana bure wametawanyika, na hakuna anayekusanya franka hata moja. Ukiwaita wote jina moja, unamwambia mwanamuziki wa Bukavu kwamba hana wa kumdai, naye anaye, pale Kadutu. Kijana yule tumwite muuza nakala.