Marcel Dalio hakuwa stelingi aliyeshindwa

Kila ninapofundisha sinema ya Ufaransa ya miaka ya 1930, hakosekani wa kuuliza kwa nini mwigizaji Marcel Dalio hakufika mbali, na juzi swali hilo limeulizwa tena na mtu ambaye mwenyewe anaendesha maisha kwa kucheza wahusika wasaidizi. Nimechoka kulijibu mlangoni wakati darasa linatoka. Ndani yake mna imani kwamba mwigizaji msaidizi ni stelingi aliyeshindwa, aliyebakiziwa makombo baada ya wakubwa kula, na imani hiyo inawadhulumu watu wanaoifanya kazi hii kwa ufundi.

Wasifu wake nitaupitia haraka. Alizaliwa Paris mwaka 1899 kwa jina la Israel Moshe Blauschild. Mwaka 1937 alionekana katika Pépé le Moko na pia katika La Grande Illusion ya mwongozaji Jean Renoir. Mwaka 1939 Renoir akampa nafasi ya markizi, yaani kabaila mwenye cheo, katika La Règle du jeu, akalaumiwa kwa kumvika Myahudi joho la ukabaila. Wajerumani walipoivamia Ufaransa mwaka 1940, Dalio alikimbia pamoja na mkewe, Madeleine Lebeau, wakapitia Lisbon hadi Marekani, na huku nyuma Wanazi wakautumia uso wake kwenye mabango ya kuwachochea watu dhidi ya Wayahudi.

Sasa tuitazame kazi yenyewe. Katika La Grande Illusion, Dalio ni Rosenthal, mfungwa wa vita aliyetoroka pamoja na Maréchal, anayechezwa na Jean Gabin, na mguu wa Rosenthal umeumia kiasi kwamba anamchelewesha mwenzake. Wanagombana, Gabin anamtolea matusi ya kibaguzi na kwenda zake, na Dalio anabaki ameketi, akiimba wimbo wa watoto kwa sauti kubwa yenye hasira na woga ndani yake, mpaka Gabin anarudi. Wema wa Maréchal, ambao watazamaji humsifia Gabin, unazaliwa katika sauti ya yule aliyeachwa, kwani Dalio asingetufanya tuhisi uzito wa kuachwa, kurudi kwa Gabin kungekuwa matembezi tu.

Katika Casablanca, ya mwaka 1942, jina lake halikuandikwa hata kwenye orodha ya waigizaji. Yeye ni Emil, msimamizi wa meza ya ruleti, kamari ya mpira unaozungushwa kwenye gurudumu la namba, katika klabu ya Rick. Rick anamwambia kijana aliyeishiwa aweke fedha kwenye 22, kisha anamtupia Emil jicho, na mpira unatua kwenye 22, mara mbili mfululizo. Hakuna amri iliyotamkwa. Mwigizaji anayetafuta kuonekana angeinua nyusi ili tujue kwamba ameelewa. Dalio anatii kama mfanyakazi aliyemzoea bosi wake, na kwa sababu hiyo tunaamini kwamba Rick ana moyo anaouficha. Baadaye Kapteni Renault, mkuu wa polisi, anapoifunga klabu kwa kisingizio kwamba ameshtuka kukuta kamari ikichezwa, ni Emil anayemletea fedha alizoshinda, kwa adabu kamili. Kichekesho hicho kingeharibika papo hapo kama mletaji angejua kwamba anachekesha.

Hata hivyo, kuna shaka inayonisumbua. Ninapousifu ustadi wa Emil, huenda ninaipamba hasara, kwa sababu mtu aliyeaminiwa kubeba markizi wa Renoir alifika Hollywood akawa Mfaransa wa kila mahali: mwenye hoteli katika To Have and Have Not, hakimu katika Gentlemen Prefer Blondes, barua yake ya utambulisho ikiwa ile lafudhi. Nafasi hizo zilipunguzwa na vita na uhamisho, wala hazikupunguzwa na uhaba wa kipaji, na nadhani tunapaswa kuyasema yote mawili: kwamba alizifanya kwa ukamilifu, na kwamba alistahili zaidi. Sijapata namna ya kulieleza la kwanza bila kulipunguzia uchungu la pili.

Vita vilipokwisha alirudi kuigiza Ufaransa. Katika Les Aventures de Rabbi Jacob, ya mwaka 1973, Louis de Funès ndiye stelingi anayejifanya rabi, na Dalio ndiye rabi mwenyewe. Utani wote wa filamu hiyo unasimama juu ya sharti kwamba mtazamaji amwamini kwanza yule wa kweli.