Panya, kaa na mayai ya buabua

Likizo ya Agosti ikifika, familia nyingi za Nairobi hupanda SGR hadi Mombasa, kisha huendelea Watamu. Miezi hiyohiyo ya kusi ndiyo buabua, ndege wa baharini, hutaga kwenye Whale Island, kile kisiwa cha mwamba mbele ya mlango wa hori la Mida. Kiota chenyewe si cha kujengwa: yai moja au mawili yenye madoadoa, wazi juu ya jiwe. Si lazima uyakanyage ndipo yaharibike. Ukisogea tu, wazazi huruka, na jua la saa sita hulipika yai lililokosa kivuli. Nakusihi uwatazame ukiwa kwenye mashua.

Buabua huchagua vijisiwa kama hivi kwa kuwa paka na nguchiro hawafiki. Panya wa darini, yuleyule anayekimbia juu ya dari zetu usiku, anafika: hujificha mizigoni, na jike mwenye mimba hahitaji mwenziwe.

Kumwondoa ni kazi ngumu. Vituo vya chambo chenye sumu hupangwa kisiwa kizima, mara nyingi mita 25 hadi 50 kati ya kimoja na kingine, ili kila panya akikute ndani ya eneo lake. Pembe moja ikirukwa, kazi yote imepotea. Sumu inayotumika huzuia damu kuganda na huua baada ya siku kadhaa, hivyo panya hawakishuku chambo.

Katika visiwa vya joto mharibifu mkubwa wa kazi hii ni kaa wa nchi kavu. Sumu hiyo haimuui, naye hula chambo usiku kucha mpaka panya wakute kituo kitupu. Ndiyo maana vituo huinuliwa juu ya vigingi, na kiasi cha chambo huongezwa. Tena panya wa huku huzaa mwaka mzima; watoto walioko shimoni hawajaanza kula chambo, kwa hiyo duru ya pili ni lazima.

Baadaye, ili kujua kama kuna panya aliyebaki, hutegwa vipande vya nta vyenye siagi ya njugu. Meno ya panya huacha mifereji miwili sambamba. Gando la kaa hunyofoa ovyo. Ukaguzi huchukua miaka, si wiki. Kisiwa cha South Georgia, kusini mwa Bahari ya Atlantiki, kilimaliza kutegwa sumu mwaka 2015, kikatangazwa hakina panya mwaka 2018.

Basi ukiwa na mizigo ya kupeleka kisiwani, kabla mashua haijaondoka, kung'uta kila gunia na ufungue kila boksi ungali bandarini. Ukifungulia kisiwani, umechelewa.